Mafini Iliyopitia Mulago

Ukiingia mkahawa wowote wa Nairobi wenye viti vya mbao na waifai ya bure, utaikuta ndani ya kabati la kioo, karibu na mashine ya kahawa. Mafini ya pumba, ndizi na njugu. Rangi yake ni ya udongo, juu imepasuka kidogo, na kibandiko kilicho mbele yake kinaahidi nyuzi, nguvu na moyo wenye afya. Bei yake inatosha sahani mbili za madondo na chapati kwenye kibanda kilicho nyuma ya jengo hilo hilo.

Ukiuliza imetoka wapi utaambiwa Marekani, na kwa umbo ni kweli. Lakini ile sehemu yake inayouzwa ghali, yaani afya, ina safari nyingine. Ilipita Kampala. Ilipita wodi za Hospitali ya Mulago, ikapita vijiji vya Uganda, na, samahani kwa wanaosoma wakila, ikapita vyooni. Hiyo ndiyo historia ninayotaka kusimulia, kwa sababu mathe yangu ana sukari, na kwa sababu nimechoka kuona watu wa kwetu wakiuziwa tena kitu walichowahi kuambiwa ni cha washamba.

Tuanze na jina, maana kuna mafini mbili duniani. Ya kwanza ni ya Waingereza. Ni kimkate bapa cha hamira kinachopikwa juu ya bamba la chuma, na huko London ya zamani wachuuzi walikibeba kwenye trei kichwani wakitembea wakipiga kengele. Ya pili ni ya Wamarekani, hii ya kikombe tunayoijua. Kinachozitenganisha ni kinachoziumua. Hamira ni kiumbe hai, inataka joto na inataka usubiri. Mafini ya Marekani haisubiri mtu. Unachanganya, unamimina, unaoka, na ndani ya nusu saa unakula.

Haraka hiyo ilianzia kwenye majivu. Wanawake wa Marekani wa karne ya 18 walijua kwamba ukichuja maji kwenye majivu ya kuni, kisha ukayachemsha mpaka yakauke, unabaki na chumvi kali. Ikisafishwa na kuchanganywa na kitu kichachu, kama maziwa ya mgando, inatoa hewa, na ile hewa inainua donge. Mwaka 1796 Amelia Simmons alichapisha kitabu cha mapishi kiitwacho American Cookery, na ndani yake chumvi hiyo ya majivu imo katika mapishi ya keki na biskuti. Mwaka 1843 mkemia wa Birmingham, Alfred Bird, alitengeneza beking pauda kwa ajili ya mke wake, ambaye hamira ilimdhuru. Miaka michache baadaye, 1856, profesa wa Harvard aliyeitwa Eben Horsford alipata hataza ya asidi kavu ya kuumulia mikate. Kanuni ni moja katika visa vyote: chumvi ya aina ya magadi, asidi, maji, halafu hewa.

Sasa, muulize mama yeyote wa Kiluhya kuhusu musherekha. Anachoma maganda ya maharagwe au ya ndizi, anachuja maji kupitia yale majivu, na maji hayo ndiyo yanalainisha mboga za kienyeji. Kemia yake na ya wale wanawake wa 1796 ni ile ile. Na kama si majivu, basi ni magadi yenyewe, yale mawe yanayouzwa sokoni kwa ajili ya maharagwe na mrenda. Kule Ziwa Magadi yamelala tu, magadi na soda ya kuokea zikiwa zimeshikana katika fuwele moja. Waingereza walipoyaona walianzisha kampuni mwaka 1911 na kujenga reli ya kuyatoa. Wanayoyatoa huenda zaidi kwenye vioo na sabuni kuliko kwenye keki, lakini nataka uone kitu kimoja kabla hatujaendelea. Maarifa ya jikoni yalikuwepo pande zote mbili. Upande mmoja yaliandikwa kwenye kitabu na kupewa hataza, upande wa pili yalibaki kwenye mikono ya akina mama.

Hayo ni ya kuumua. Turudi kwenye unga wenyewe.

Kwa karne nyingi Ulaya, unga mweupe ulikuwa wa wenye pesa. Kuupata ilibidi usage ngano kwa jiwe, uchekeche, uchekeche tena, na utupe sehemu nzuri ya mavuno. Maskini walikula mkate wa rangi ya udongo. Kisha katika miaka ya 1870 na 1880, viwanda vya Budapest na vya Minneapolis vikaanza kusaga kwa roli za chuma badala ya mawe. Roli hizo zinapasua punje na kutenganisha vitu vitatu: pumba za nje, kiini chenye mafuta, na wanga mweupe wa katikati. Kiini kikiondoka, unga haugandi mafuta wala kuoza upesi. Unaweza kukaa kwenye meli na kwenye rafu miezi mingi. Kibiashara ilikuwa maajabu. Unga mweupe ukawa rahisi, kila mtu akaweza kula kama bwana, na pumba zikapewa ng'ombe.

Walikuwepo waliopinga. Hata kabla ya roli, katika miaka ya 1830, mhubiri mmoja Mmarekani, Sylvester Graham, alizunguka akiwaambia watu kwamba unga uliochekechwa ni dhambi kwa tumbo na kwa roho. Wengi walimcheka, wachache wakamfuata, na hadi leo kuna biskuti yenye jina lake. Mwanzoni mwa karne ya 20 mafini za pumba zilikuwa zinajulikana Marekani kama dawa ya kufunga choo. Zilikuwa chakula cha wazee na wagonjwa. Hakuna aliyekuwa anazipiga picha.

Kilichozibadilisha kuwa fasheni ni sayansi, na hapo ndipo tunaingia Kampala.

Hugh Trowell alikuwa daktari Mwingereza aliyefika Afrika Mashariki mwaka 1929, akafanya kazi Kenya kisha Uganda kwa karibu miaka 30. Anajulikana zaidi kwa utafiti wake wa kwashakoo, lakini alikuwa na tabia ya kuandika pia magonjwa ambayo hakuyaona. Wodini Mulago alikosa kuona Waafrika wenye ugonjwa wa mishipa ya moyo, ule uliokuwa ukiwamaliza wanaume huko kwao. Mwaka 1956 yeye na mwenzake walipompata mgonjwa mmoja Mwafrika, kisa hicho kimoja kilitosha kuandikwa kwenye jarida la madaktari. Mwaka 1960 alitoa kitabu kizima kuhusu magonjwa yasiyoambukiza barani Afrika, na mengi ndani yake ni orodha ya kilichokosekana.

Daktari wa pili ni Denis Burkitt, mpasuaji kutoka Enniskillen, Ireland, aliyepoteza jicho moja akiwa mtoto. Alifika Uganda mwaka 1946, akaanzia Lira kabla ya kuhamia Mulago. Madaktari wanamjua kwa uvimbe wa taya unaowapata watoto, ambao aliuandika mwaka 1958 na sasa unabeba jina lake. Mwaka 1961 yeye na wenzake wawili walipanda gari kuukuu na kuzunguka hospitali za mashariki na kusini mwa Afrika, safari ya maili 10,000, kuona uvimbe huo unaishia wapi kwenye ramani. Hiyo ndiyo ilikuwa akili yake: kuuliza ugonjwa uko wapi na hauko wapi.

Aliporudi Uingereza katika miaka ya 1960 alikutana na wazo la Peter Cleave, daktari wa jeshi la majini aliyeamini kwamba sukari na unga mweupe ndio mama wa magonjwa mengi. Burkitt alikuwa na kitu ambacho Cleave hakuwa nacho, yaani anwani za hospitali za misheni kote Afrika. Akaanza kuwaandikia madaktari wake wa zamani. Mnaona uvimbe wa kidole tumbo? Mnaona bawasiri? Mnaona saratani ya utumbo mpana? Majibu yalirudi yakisema: kwa nadra.

Halafu akaanza kupima vinyesi. Sitanii. Mwaka 1972, yeye na wenzake Walker na Painter walichapisha kwenye jarida la Lancet matokeo yaliyolinganisha watu wa sehemu mbalimbali. Wanamaji wa Uingereza na wake zao walitoa kama gramu 100 kwa siku, na chakula kilichukua zaidi ya siku tatu kupita mwilini. Wanakijiji wa Uganda walitoa zaidi ya gramu 400, na chakula kilipita kwa takriban siku moja na nusu. Burkitt alitembea dunia akihutubia kwa slaidi za picha za vinyesi, na alipenda kusema kwamba nchi yenye vinyesi vidogo huhitaji hospitali kubwa. Mwaka 1975 yeye na Trowell walihariri kitabu cha kitaalamu kuhusu vyakula vilivyokobolewa na magonjwa, na 1979 akatoa kitabu cha watu wa kawaida kuhusu nyuzi za chakula. Kiliuzwa sana.

Sasa tafakari. Tofauti kati ya Mwingereza na mwanakijiji wa Uganda haikuwa chakula tu. Umri ulitofautiana, kazi zilitofautiana, na mtu anayelima siku nzima halingani na mtu anayekaa ofisini. Hospitali ya misheni haiwezi kuandika ugonjwa wa mtu ambaye hakufika hospitalini. Wanasayansi waliokuja baadaye walimkosoa Burkitt kwa hayo, na walikuwa na haki. Hata hivyo kiini cha wazo lake, kwamba nyuzi za nafaka, mboga na matunda zina kazi mwilini, kimesimama, na leo ni ushauri wa kawaida wa madaktari kila mahali.

Kinachoniuma ni kitu kingine. Katika lile jedwali la 1972, wanakijiji wa Uganda ni mstari mmoja. Ni kikundi kidogo cha watu, wakiwa na wastani wa gramu na wastani wa saa. Hatujui waliitwa nani. Na zaidi ya hao, hatujui ni nani waliwapikia. Kila gramu iliyopimwa ilianzia kwa mtu aliyelima, aliyepukuchua, aliyesaga, aliyeamka saa kumi na moja kuwasha moto, na katika nchi zetu mtu huyo mara nyingi alikuwa mwanamke. Dunia nzima ilijifunza kutoka kwenye vyungu vyao. Hakuna aliyeandika mapishi.

Marekani ikalipokea wazo hilo kwa mtindo wa Marekani. Katika miaka ya 1980 nyuzi zikawa biashara. Mwaka 1987 mwandishi Robert Kowalski alitoa kitabu kilichodai unaweza kushusha kolesteroli kwa wiki nane, na sehemu ya siri yake ilikuwa kula mafini tatu za pumba za shayiri ya oti kila siku. Watu wakapagawa. Pumba za oti ziliadimika madukani. Kisha Januari 1990 utafiti kutoka Boston, uliochapishwa kwenye jarida la New England, ukasema pumba hizo hazikushinda sana unga wa kawaida, na mahaba yakapoa. Oti ilisafishwa jina baadaye, mwaka 1997, serikali ya Marekani iliporuhusu kampuni kuandika kwenye paketi kwamba inasaidia moyo. Lakini kufikia hapo mafini yenyewe ilikuwa imeshapotea njia. Ilikua ikawa saizi ya ngumi mbili, ikaongezwa sukari, mafuta na chokoleti, ikabaki na jina tu la chakula cha afya. Ni keki iliyovaa gauni la nesi.

Na sisi je? Wakati Burkitt anawaambia Wazungu wale kama watu wa Uganda, watu wa huku walikuwa wanakimbia upande wa pili.

Ngano ya kibiashara ya Kenya ni hadithi ya walowezi. Lord Delamere alianza kuilima Njoro mwanzoni mwa karne ya 20, ugonjwa wa kutu ukaifagia, akaajiri mtaalamu wa kuzalisha mbegu zinazostahimili. Mwaka 1908 alianzisha kampuni ya kusaga, Unga Limited. Mwaka 1927 kituo cha serikali cha kuzalisha mbegu kikaanzishwa Njoro, na mpaka leo, tangu kutu ya Ug99 ilipogunduliwa Uganda mwaka 1998, ngano kutoka nchi nyingi duniani huletwa kujaribiwa katika mashamba hayo hayo. Kwa hivyo tuna moja ya sehemu muhimu duniani kwa kuilinda ngano, huku ngano nyingi tunayokula ikitoka nje. Vita vya Ukraine vilipoanza 2022, tulivisikia kwenye bei ya chapati.

Mkate mweupe ulikuja ukiwa na cheo. Ulikuwa wa mzungu, wa mjini, wa mtu mwenye kazi. Wakati huo huo mahindi meupe yalikuwa yakisukuma kando wimbi na mtama. Pwani kulikuwa na mkate wa mofa, wa unga wa mtama, uliookwa kwenye jiko la udongo lenye jina hilo hilo. Leo watu wengi wa rika langu wanaijua mofa kwenye kamusi tu. Bara, kwa Wakikuyu, ugimbi ulikuwa uji. Kisha ukawa chakula cha nyanya.

Mathe alizaliwa Murang'a mwisho wa miaka ya 1960. Kwake mkate mweupe ulikuwa Krismasi. Ulikatwa kwa kisu, ukahesabiwa, na aliyepata ncha alilia. Uji wa wimbi ulikuwa wa siku za kawaida, siku ambazo hamna kitu. Alipohamia Nairobi na kuanza kujilipia, alinunua mkate mweupe kila jioni, na hakuna wa kumlaumu. Alikuwa ananunua Krismasi. Miaka minne iliyopita alianza kukojoa sana usiku na kuona ukungu, akaenda kliniki, akapimwa, akaambiwa ni sukari. Nesi alimpa karatasi moja: punguza mkate mweupe, kula nafaka nzima, wimbi, mtama, njugu kidogo, matunda. Mathe aliisoma kwenye matatu mpaka tukafika stejini. Aliniambia, "Hii ni karatasi ya umaskini."

Hilo neno limekaa nami. Alikuwa anasoma historia nzima kwenye ile karatasi kuliko nesi aliyeichapisha. Maisha yake yote aliambiwa apande ngazi, na sasa anaambiwa ashuke, na huko chini vitu vimeshapanda bei. Unga wa wimbi kwenye supamaketi ya mtaani kwetu ni ghali kuliko unga mweupe. Roli zinaondoa madini kwenye ngano, na tangu 2012 sheria ya Kenya inawalazimu wasagaji kurudisha baadhi yake, chuma, zinki na vitamini, kwenye unga wa paketi. Tunalipia kuondolewa, tunalipia kurudishiwa.

Njugu nazo ni vivyo hivyo. Korosho ililetwa pwani na Wareno kutoka Brazil, ikazoea mchanga wa Kilifi, Kwale na Lamu mpaka tukadhani ni ya hapa. Kilifi ilipata kiwanda cha korosho miaka ya 1970, na miaka ya 1990 kikafungwa. Makadamia ililetwa kutoka Australia mwaka 1946 na mlowezi Bob Harries, akaipanda karibu na Thika, na ikaenea hadi Murang'a, Kirinyaga, Embu na Meru. Kenya sasa ni miongoni mwa wazalishaji wakubwa duniani. Mwaka 2009 serikali ilipiga marufuku kuuza nje njugu ghafi ili zimenywe hapa hapa na kazi zibaki, na mwishoni mwa 2023 marufuku hiyo ikalegezwa kwa muda baada ya bei kuwaangukia wakulima. Nyingi bado huenda ng'ambo. Shosho wangu ana miti sita ya makadamia. Anajua bei ya kilo ya msimu huu na wa jana, anamjua dalali kwa sauti ya pikipiki yake. Nilipomuuliza anapenda kuzila vipi, alinitazama kama nimeuliza anapenda kula noti vipi.

Kwa hivyo nikaanza kuoka. Sina ovena. Nina meko ya gesi, sufuria nzito yenye kifuniko, na vikombe sita vya bati. Nakupa hesabu, maana historia ambayo huwezi kuila ina kasoro.

Ponda ndizi mbili zilizoiva mpaka maganda yana madoa meusi. Toa kokwa za tende sita, ziloweke kwenye maji ya moto kidogo, kisha uziponde humo humo. Tende hizi zina historia yake: kwa karne nyingi zilishuka na majahazi ya Oman na Ghuba kwenye pepo za kaskazi, na majahazi yakarudi na boriti za mikoko ya Lamu. Ongeza yai moja, vijiko vitatu vya mafuta, na nusu kikombe cha mala. Kwenye bakuli lingine changanya nusu kikombe cha unga wa wimbi na kikombe kasorobo cha atta. Wimbi peke yake haina ule mvutano wa ngano, itakatika kama mchanga, ndiyo maana atta inaishika mkono. Tia kijiko kimoja kidogo cha beking pauda, robo kijiko ya soda, chumvi kidogo na iliki. Mala ni chachu, soda ni magadi, zikikutana zinafanya kazi ile ile ya majivu ya 1796. Changanya vikavu na vimiminika kwa mwiko, mara chache tu, acha mabonge madogo. Ukikoroga sana atta inakuwa mpira. Malizia na kiganja cha njugu karanga zilizokaangwa na kutwangwa nusu. Makadamia kama una shosho, korosho kama mshahara umeingia, lakini karanga za mama mboga zinatosha kabisa.

Tandaza mchanga safi au chumvi ya mawe chini ya sufuria, weka kibati cha kuinua vikombe, funika, pasha dakika kumi kwa moto wa wastani. Paka vikombe mafuta, jaza robo tatu, panga, funika, na usifungue kwa dakika 25. Choma katikati kwa njiti. Ikitoka kavu, tayari. Hakuna sukari ya kuongeza. Lakini tusidanganyane, ndizi na tende ni tamu kwa sababu zina sukari yake, na mtu mwenye ugonjwa kama wa mathe anakula moja, na chai yake kavu, na anapima.

Najua kuna atakayesema hizi ni hadithi za watu wenye nafasi, kwamba nchi ina mambo makubwa kuliko keki za wimbi. Mimi nakumbuka Juni 2024. Mswada wa Fedha wa mwaka huo ulipendekeza ushuru wa asilimia 16 kwenye mkate. Pendekezo hilo liliondolewa tarehe 18 Juni, siku ambayo vijana walianza kujaa barabarani Nairobi, na wiki moja baadaye, tarehe 25, watu waliuawa nje ya Bunge. Orodha ya malalamiko ilikuwa ndefu, lakini kila mtu alielewa ile ya mkate bila kuelezwa. Anayeamua bei ya unga, rangi ya unga na jina la unga anaamua mengi.

Mafini za kwanza nilizopatia vizuri, mathe alikula moja akiwa amesimama. Akasema, "Hii ni ugimbi." Nikasema ndiyo. Akauliza kwa nini nimeipa jina la kizungu. Kisha akaketi, na bila kuulizwa akaanza kunieleza jinsi mama yake alivyokuwa akichachusha uji wa wimbi kwa siku mbili, ni kibuyu gani kilifaa, na kwa nini hakikuoshwa kwa sabuni. Ameishi nami miaka 26 na sikuwahi kusikia hayo. Kuyasema ilikuwa kama kusema mlilala njaa.

Tangu hapo nimekuwa nikiwarekodi. Kwenye simu yangu kuna sauti za wanawake watano: mathe, shosho, jirani mmoja kutoka Vihiga anayejua kuchuja musherekha, muuza samaki wa soko letu aliyelelewa na uji na kuon, ugali wa mtama wa nyanyake kule Siaya, na bibi mmoja wa Lamu niliyepelekwa kwake na rafiki, ambaye amewahi kuoka mofa kwa mkono wake. Kila rekodi inaanza vile vile. Nawauliza jina lao kamili, walizaliwa wapi, na nani aliwafundisha kupika. Wanacheka kwanza, wanasema hayo si ya kuandikwa. Halafu wanataja jina, na jina la mama, na jina la nyanya, na mimi naandika.